Mashelisheli yanaoza, unga tunakopa dukani

Mhariri,

Kila msimu wa mashelisheli mambo ni yale yale. Mwanzoni tunda moja linagombaniwa katika masoko ya Unguja, Darajani na Mwanakwerekwe. Muda si muda yanamiminika kwa mapakacha, bei inaporomoka, na yaliyobaki mashambani yanadondoka yenyewe, yanapasuka chini ya mti na kuwa riziki ya nzi na kunguru. Msimu ukiisha, nyumba ile ile iliyoyaacha yakaoza inakwenda dukani kukopa unga wa ngano. Mti hauna kosa. Tatizo ni kwamba tunalichukulia shelisheli kuwa tunda la kula leo, ilhali ni chakula cha wanga kinachowekeka miezi mingi kikikaushwa.

Watu wa milima ya Ulaya ya kusini walilijua hili zamani kwa mti wao, mchesnati. Tunda lake ni kokwa ya kahawia iliyofungwa ndani ya ganda la miiba. Mtu wa hapa akiliona kwa mbali atasema ni shokishoki, ila miiba yake inachoma kweli kweli. Chesnati si kama korosho au njugu zenye mafuta. Sehemu kubwa yake ni wanga, na ikiwa mbichi karibu nusu ya uzito ni maji. Katika milima ya Cévennes, Ufaransa, waliuita mti wa mkate, kwa sababu ngano haikuwa na pa kustawi kwenye majabali yale. Kisiwani Corsica, watawala kutoka Genoa, mji wa Italia, waliamuru katika karne ya 16 kwamba wenye mashamba wapande miti minne kila mwaka, mchesnati ukiwa mmojawapo, na hadi leo liko eneo zima la milima kisiwani humo, Castagniccia, lenye kubeba jina la mti huo. Amri za namna hiyo si ngeni kwetu. Sayyid Said anakumbukwa kwa kuamrisha mikarafuu mitatu kwa kila mnazi. Wale waliamrishwa zaidi kupanda cha kula, sisi tukaamrishwa kupanda cha kupakia majahazini, na kimbunga cha 1872 kikaiangusha mikarafuu mingi ya Unguja.

Tunafanana nao hata katika umiliki. Hapa mtu anaweza kuwa na mnazi wake au mwembe wake katika ardhi isiyo yake, na mirathi ya miti ikagawiwa mbali na mirathi ya kiwanja. Corsica nako mtu aliweza kuwa na mchesnati wake juu ya ardhi ya kijiji. Utaratibu huo una hekima na una balaa lake. Hekima ni kwamba asiye na shamba halali njaa. Balaa ni kwamba mwenye kiwanja anapotaka kujenga, mti wa mwenzake anauona kuwa ni kikwazo, na siku hizi shoka limekuwa jepesi sana kuanzia Fuoni hadi Chake Chake.

Sasa niende kwenye kazi yenyewe, maana ndiyo iliyonifanya niandike.

Chesnati mbichi nayo inaoza upesi na kuingia wadudu. Kwa hiyo wakulima wa Cévennes walijenga kijumba cha mawe chenye sakafu mbili kwa ajili ya kukaushia tu. Sakafu ya juu ni ya papi za mbao zilizoachiana nafasi nyembamba, juu yake humwagwa chesnati. Chini huwashwa moto wa magogo unaofukuta bila kutoa ndimi, usiku na mchana, kwa wiki tatu hadi nne. Kazi ya mlinzi ni kuhakikisha moto haupandi wala hauzimi, na chesnati zinageuzwa ili za juu nazo zishuke kwenye joto. Zikikauka hugonga kama kokoto, ganda linapukutika kwa kupigwapigwa, na kilo 3 mbichi hubaki takriban kilo 1 iliyo tayari kwa kinu. Hazisagwi zote kwa mpigo. Huhifadhiwa kavu na kusagwa kidogo kidogo, kwa sababu unga huharibika mapema kuliko kokwa nzima. Aliyewahi kusimamia tanu la kukaushia mbata za nazi ameshaielewa kazi hii bila kuonyeshwa.

Shelisheli linahitaji kazi ndogo kuliko hiyo. Tunda limebeba maji kama asilimia 70, na nyama yake ni laini kukata. Ugumu uko mahali pamoja tu, nao ni muda. Likichumwa limekomaa hukaa siku mbili hadi tatu, likivumilia sana nne, kisha linalainika lote kwa pamoja. Kwa hiyo kila kitu kinaanzia kwenye uchumaji, na hapa ndipo tunapoharibu zaidi.

Shelisheli lililokomaa hulitambui kwa ukubwa. Tazama ngozi. Likiwa changa, vijinundu vya ngozi yake vimesimama na rangi ni kijani kibichi. Likikomaa vijinundu vinalala, ngozi inakuwa bapa na kuelekea kijani cha manjano, mistari baina ya vijinundu inaingia ukahawia, na matone ya utomvu huonekana yamegandia juu ya ngozi. Hapo ndipo pa kuchuma. Ukilichuma kabla, ukilipika linakuwa la mpira na lina uchungu kidogo. Ukilikausha, unga wake ni haba. Ukingoja mpaka libonyee kwa kidole, sukari imeshapanda: zuri la kula hivyo hivyo au kutia kwenye kitu cha tamu, lakini vipande vyake havikauki sawasawa, vinanata na kuwa vyeusi.

Kulipiga kwa fimbo likaanguka ni kulitupa. Mahali palipogonga ardhi panalainika siku hiyo hiyo na uozo unaanzia hapo. Tumia ngoeko, yaani mti mrefu wenye kulabu, iliyofungwa kijimfuko cha wavu chini ya kulabu yake, ukate kikonyo ukiacha sentimita chache, tunda liingie mfukoni. Kisha lisimamishe kichwa chini, kikonyo kikiwa kimeelekea ardhini, ili utomvu utoke wote bila kuchafua ngozi. Usiyarundike juani. Kama huwezi kuyashughulikia siku hiyo, yazamishe kwenye pipa la maji safi. Yatachelewa kuiva kwa siku kadhaa, ingawa ngozi inaweza kupasuka, na hayo ya majini ni ya kupika, si ya kupeleka sokoni.

Kwenye kumenya, pakaza mafuta ya nazi kisuni na viganjani kabla ya kuanza. Utomvu wa shelisheli ndio ule ule wa ulimbo, na ukikauka mkononi maji na sabuni havifui dafu. Pasua mara nne, ondoa moyo wa katikati wenye sifongo, menya, kisha kata vipande vya milimita 4 hadi 5. Unene huu naomba usipuuzwe. Kipande cha sentimita moja kinakauka nje na kubaki na maji ndani, na baada ya wiki moja ndani ya ndoo unafungua kifuniko unakutana na harufu ya uchachu na ukungu wa kijani. Kadiri unavyokata, vitie kwenye maji yenye chumvi kidogo au maji ya ndimu, maana vikikaa hewani vinageuka kahawia mbele ya macho yako. Halafu vichovye kwenye maji yanayochemka kwa dakika 3, vichuje, vitandaze.

Kuhusu kutandaza, karibu kila nyumba ya Pemba ina majamvi ya karafuu, na kishawishi cha kuyatumia ni kikubwa. Usithubutu. Jamvi lililoanika karafuu msimu mmoja tu linaambukiza harufu yake kwenye wanga, na chapati ikinuka karafuu mtoto haili. Tafuta jamvi jipya, au bora zaidi wavu safi uliowambwa kwenye fremu ya mbao na kuinuliwa usawa wa kiuno, hewa ipite chini na juu. Funika kwa chandarua kisichotiwa dawa. Barabara ya lami haifai kwa karafuu, na haifai zaidi kwa kitu utakachokisaga na kukila. Jua likiwa kali, siku 2 au 3 zinatosha. Jioni ingiza ndani, kwani umande wa usiku mmoja unakurudisha nyuma siku nzima. Mawingu yakitanda na vipande bado vinapinda badala ya kukatika, malizia kwa joto la moto: sanduku la mbao lenye trei za wavu juu, jiko la mkaa chini, na bati katikati ili moshi na majivu visipande. Moto wa makumbi ulioachwa wazi unakausha vizuri lakini unaacha ladha ya moshi, na ladha hiyo haitoki.

Kipande kilichokauka hukatika kwa sauti. Kikikunjika bado. Hakuna kipimo kingine kinachohitajika kijijini.

Kwa hesabu, kilo 10 za mashelisheli mazima, ukitoa maganda na moyo, hubaki kama kilo 7, na zikikauka hutoa karibu kilo 2 za unga. Mti uliotunzwa huzaa matunda 150 hadi 200 kwa mwaka. Tukichukua matunda 150 ya kilo moja na nusu kila moja, hizo ni kilo 225 mbichi, yaani takriban kilo 45 za unga kutoka kwa mti mmoja ambao haukutiwa mbolea ya dukani wala kupaliliwa kwa zamu. Tuseme nusu inaliwa mbichi na kuuzwa. Bado zinabaki kilo 20 na ushei za mti mmoja.

Ponda vipande kwanza kwenye kinu cha mchi ndipo upeleke mashineni, kwani vikiwa vizima vinarukaruka kinywani mwa mashine na kukwama. Mwombe mwenye mashine asafishe mabaki ya mahindi. Hifadhi vipande kwenye ndoo yenye kifuniko cha kukaza, mbali na magunia ya karafuu, na usage unga wa wiki mbili au tatu tu kwa wakati, kama wenzetu wa chesnati. Unga wa shelisheli hauna ule mnato wa ngano unaoshikilia donge, kwa hiyo chapati ya shelisheli tupu inavunjika ukiigeuza. Sehemu 1 ya shelisheli kwa sehemu 3 za ngano inasukumika vizuri. Andazi linakubali kiasi hicho hicho, ila linakunywa maji zaidi, basi ongeza kidogo kidogo usije ukashangaa donge limekuwa gumu. Kwa uji hakuna haja ya kuchanganya.

Wapo watakaosema shelisheli tamu ni la kuchoma kwenye makaa mpaka ganda liwe jeusi, au la kuchemshwa kwa tui la pili na kumaliziwa tui zito, likaliwa kwa samaki chukuchuku wakati wa futari. Sibishani nao; hata mimi nisingelisaga shelisheli la kwanza la msimu. Na kachiri za shelisheli lililokomaa likiwa bado gumu, zikikatwa nyembamba na kukaangwa, zinaishinda kachiri ya muhogo. Ninachokisemea ni lile tunda la mia moja na arobaini, ambalo hakuna tena anayelitaka. Huko visiwa vya Pasifiki, mti ulikotoka, watu hulichachua ndani ya mashimo yaliyotandikwa majani na kulifukia kwa miezi mingi. Hilo sitarajii kuliona Wete.

Kupanda nako kumejaa uvivu wa kufikiri. Shelisheli tunalolila sana halina mbegu, kwa hiyo wengi hungoja mti utoe kichipukizi wenyewe, wakakichomoa kikiwa na shubiri moja, na ndani ya wiki kimenyauka. Kimenyauka kwa sababu kilikuwa kinanyonya kwa mama, mizizi yake mwenyewe haijatoka. Njia ya uhakika ni hii. Baada ya mavuno, kabla mti haujaanza kutoa majani mapya, fukua taratibu mzizi unaotambaa karibu na uso wa ardhi, wenye unene wa sentimita 2 hadi 5, umbali wa mita mbili hivi kutoka shinani. Ukwaruze ganda lake upande wa juu kwa kisu, uuache uone mwanga, na uufunike majani makavu kidogo. Chipukizi litatoka pale penye jeraha. Likifika nusu mita, kata mzizi upande wa mama tu, na ukiache kiche papo hapo wiki 3 au 4 kizoee kujilisha. Ndipo ukiinue pamoja na donge lake la udongo, ukipunguze majani nusu, na ukiweke kivulini mwa mgomba. Anayetaka miche mingi akate mizizi ya unene huo katika vipande vya sentimita 20 hadi 25, avilaze (asivisimamishe, maana ni rahisi kukosea juu na chini) kwenye mchanga uliochanganywa na mboji, avifunike vidole viwili, na anyunyizie bila kulowesha chepechepe. Maji yakizidi, vinaoza kabla ya kuchipua. Vingine vinachipua baada ya mwezi, vingine baada ya miezi minne au mitano, hivyo usivitupe mapema. Ukimjeruhi mama kwa mizizi mingi upande mmoja, upepo wa kusi utakuonyesha. Chukua mizizi miwili mitatu tu kwa mti.

Panda masika yanapoanza. Shimo la mita moja kwa upana na nusu mita kwenda chini, samadi iliyooza iliyochanganywa na udongo wa juu, na nafasi ya mita 10 kutoka mti hadi mti. Kinongo, ule udongo mwekundu usiotuamisha maji, ndicho hasa. Kwenye kinamo, udongo wa mfinyanzi panaposimama maji, mizizi inakufa na mti unakauka kuanzia nchani. Kwenye maweni utapata mti mfupi ikiwa utatafuta mfuko wa udongo baina ya majabali, na karibu na bahari penye maji ya chumvi usijisumbue. Weka uzio miaka miwili ya mwanzo: mbuzi wanayapenda majani yake na ng'ombe anachuna ganda, na mche uliochunwa kuzunguka shina hauna dawa. Usiupande karibu na paa, kwani matawi yake hukatika kwa upepo. Baada ya miaka 3 hadi 5 unaanza kuzaa. Tangu hapo punguza kilele kila baada ya mavuno usizidi mita 6, uchume kwa ngoeko ukiwa chini; kupanda juu ya tawi lenye kukatika kwa ajili ya tunda la kilo mbili ni kujitafutia msiba. Na matunda yaliyooza chini ya mti yafukiwe, kwani humo ndimo nzi wa matunda na vimelea vya uozo wanamosubiri msimu ujao.

Kuna hatari moja ambayo historia ya mchesnati inatuonya waziwazi. Mnamo 1904 maradhi ya ukungu yaligunduliwa kwenye michesnati ya Kimarekani jijini New York, na kufikia katikati ya karne ya 20 yalikuwa yameua miti inayokadiriwa kuwa bilioni 3 hadi 4 katika misitu ya mashariki ya Marekani. Familia za milimani huko zilizotegemea chesnati kwa chakula, mifugo na fedha za kununulia viatu vya watoto zilibaki mikono mitupu. Mishelisheli isiyo na mbegu huzaliwa kwa mizizi, maana yake mtoto ni mama yule yule, na maradhi yakimweza mmoja yanawaweza wote. Pemba inayakumbuka maradhi ya kufa ghafla kwa mikarafuu, hivyo sihitaji kulieleza zaidi. Kinga ni kutunza aina zaidi ya moja. Wazee bado wanatofautisha mshelisheli wa tunda la duara na wa tunda refu, wa kuzaa mapema na wa kuchelewa. Kila mmoja unapokatwa, kitu kinapotea ambacho hakiwezi kurudishwa kwa mbegu.

Kwa hiyo nina maombi kwa wanaohusika. Kituo cha utafiti wa kilimo cha Kizimbani, Unguja, kina ardhi na wataalamu. Bustani ya kukusanya aina zote za Unguja na Pemba, na kuuza miche yake kwa bei ya kawaida, si jambo kubwa. Masheha nao, anapokuja mtu kutaka kukata mshelisheli ili ajenge, wamtake kwanza afukue mizizi miwili na kusubiri miche, iwe mti ni wake au wa jirani. Msingi wa nyumba unaweza kungoja miezi sita. Na vikundi vya akina mama vinavyopewa mikopo ya kuuza mitumba vifikiriwe pia sanduku moja la kukaushia kwa kila shehia, trei sita za wavu, bati na jiko. Fundi yeyote wa kijijini anaweza kuliunganisha kwa siku mbili.

Mkulima wa matunda,
Wete, Pemba